Masika Yanakonda, Vuli Inanenepa

Sisi wa pwani ya kaskazini ya Tanzania na miteremko ya Usambara tuna mvua mbili kwa mwaka. Masika huanza Machi na kuisha Mei, vuli huanza Oktoba na kuisha Desemba. Masika ndiyo mvua kubwa: ndiyo ya mahindi ya kuweka ghalani, ndiyo inayojaza visima, ndiyo watu wanayoitegemea wanapokopa mbegu na kukodi trekta. Vuli huchukuliwa kama nyongeza, mvua ya maharage na mboga. Ikija tunashukuru, isipokuja hatulii sana. Wenzetu wa Kenya kuanzia Mombasa hadi nyanda za kati wana mpangilio huohuo, na wa Kanda ya Ziwa Victoria pia.

Mpangilio huu unageuka. Masika yanakonda na vuli inanenepa. Kila nikisoma makala za mabadiliko ya tabianchi kwa Kiswahili nakuta habari za barafu ya ncha za dunia na mikutano ya marais, huku jambo hili, linalogusa sufuria ya kila nyumba kuanzia Tanga hadi Turkana, likipewa mstari mmoja au likiachwa kabisa. Ndiyo maana nimekaa kuliandika kwa urefu.

Mwaka 2024 ulikuwa wa kwanza kurekodiwa ambapo joto la dunia kwa mwaka mzima lilivuka nyuzi 1.5 juu ya lile la kabla ya viwanda. Ni habari nzito, lakini hakuna anayelima kwenye wastani wa dunia. Joto hilo linatufikia likiwa limepitia baharini na kwenye upepo, na huko njiani linabadilika sura. Pengine linafika kama ukame, pengine kama mafuriko, na mahali palepale linaweza kufika kama ukame mwaka huu na mafuriko mwaka ujao. Anayetaka kujua litafikaje kwake lazima kwanza ajue mvua yake inatoka wapi.

Yetu inafuata jua. Mwishoni mwa Machi jua la utosi hupita ikweta likielekea kaskazini, na mwishoni mwa Septemba hupita tena likirudi kusini. Nyuma yake hufuata ukanda mvua, yaani eneo ambako pepo za kaskazini na za kusini hukutana, hewa ikapanda juu, ikapoa na kumwaga maji. Ukipita kwenda kaskazini unatuachia masika. Ukirudi unatuachia vuli. Watu wa katikati na kusini mwa Tanzania, kuanzia Dodoma hadi Songea na Mtwara, huupata kwa mkupuo mmoja mrefu wa Novemba hadi Aprili, ambao Mamlaka ya Hali ya Hewa huuita mvua za msimu. Kwa hiyo mtu akisema "mvua za Tanzania mwaka huu ni za wastani", muulize za wapi, na za majira gani.

Mabaharia walilijua hili karne nyingi kabla ya setilaiti. Kaskazi iliwaleta majahazi kutoka Arabuni na Bara Hindi kati ya Desemba na Machi, na kusi ikawarudisha baada ya Aprili. Kwa sababu kalenda ya Kiislamu hufuata mwezi na haishiki majira, watu wa pwani waliweka pembeni mwaka mwingine wa jua, unaoanza kwa Nairuzi, siku yake ya mwaka mpya, wakahesabu siku zake kwa miongo ya siku kumikumi, ili nahodha ajue lini afunge chombo na mkulima ajue lini achome shamba. Makunduchi bado wanausherehekea kila Julai kwa Mwaka Kogwa. Kwangu mimi hesabu ile ni sayansi ya tabianchi kamili: watu waliangalia, wakahesabu, wakarithishana, wakapanga maisha yao juu yake. Ilifanya kazi kwa sababu majira yalishika ahadi.

Nahodha mmoja mzee wa Pangani nilimuuliza habari za pepo. Baada ya shikamoo na marahaba alikaa kimya akiangalia mdomo wa mto, kisha akaniambia: "Mwanangu, zamani kusi ilikuwa inabisha hodi. Unaona mawingu siku mbili tatu, unajua anakuja, unavuta ngalawa juu. Sasa anaingia tu." Hana chati wala namba, lakini ana miaka yote hiyo ya kuvuta ngalawa, nami siwezi kuupuuza ushahidi wa mtu ambaye kukosea upepo kunaweza kumgharimu maisha.

Kuna jambo wengi hatujiulizi. Tuko kwenye ikweta, sawasawa na msitu wa Kongo, lakini sehemu kubwa ya Afrika Mashariki ni nyika kavu. Kwa nini? Jibu moja liko kaskazini mwa Kenya. Kati ya nyanda za juu za Ethiopia na zile za Kenya kuna upenyo, na upepo kutoka Bahari ya Hindi hupita hapo kwa kasi ukiwa chini chini, ukibeba unyevu kwenda bara bila kupata nafasi ya kupanda na kuwa mvua. Wataalamu wanautambua kwa jina la Turkana tangu miaka ya 1980. Upepo huo una nguvu ya kuendesha mitambo 365 ya umeme katika shamba la upepo la Loiyangalani, megawati 310 kwa jumla. Wafugaji wanaoishi chini ya mitambo hiyo wanaona unyevu wa bahari ukiwapita juu ya vichwa kila siku.

Kwa hiyo tunaishi kwenye ukavu ambao mvua hupenya kwa kubahatisha. Kusukumwa kidogo tu, na majira yanakwama au yanafurika. Na msukumaji mkuu ni bahari iliyo mlangoni kwetu.

Kwa kawaida, upepo wa kwenye ikweta husukuma maji ya moto ya Bahari ya Hindi kuelekea Indonesia, na mawingu makubwa hujengeka huko. Miaka mingine upepo huo hulegea au hugeuka. Maji baridi huibuka kutoka kilindini karibu na Sumatra, maji ya moto hubaki upande wetu, na mawingu yanahamia Afrika Mashariki. Miaka mingine tena hali huwa kinyume: Indonesia inachemka, sisi tunakauka. Mwaka 1999 watafiti wakiongozwa na Saji na Yamagata waliieleza hali hii na kuipa jina la Dipoli ya Bahari ya Hindi. Ichukulie kama mizani: joto likilalia magharibi, tunanyeshewa, likilalia mashariki, tunanyimwa.

Tazama miaka ambayo mizani ililala upande wetu kwa nguvu. Vuli ya 1961 ilinyesha hadi wazee wakaikumbuka pamoja na Uhuru, kwa kuwa Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba katikati ya mvua zile. Ziwa Victoria likaanza kupanda, na kufikia 1964 lilikuwa limeongezeka zaidi ya mita 2. Fikiria ziwa la ukubwa ule, zaidi ya kilomita za mraba 68,000, likiinuka kwa kimo cha mtu mrefu. Vuli ya 1997 ikaja ile ambayo watu wote wanaiita El Niño, ikabomoa madaraja na kukata barabara kutoka Mombasa hadi Dar es Salaam. Kisha ikaja 2019.

Dipoli ya 2019 ilikuwa miongoni mwa kali zaidi zilizowahi kupimwa. Novemba mwaka ule maporomoko ya ardhi yalifukia vijiji Pokot Magharibi. Mito ya Somalia ilifurika. Nzige wa jangwani, ambao walikuwa wameshazaliana kwenye mchanga wa Arabuni baada ya vimbunga vya 2018, wakakuta Pembe ya Afrika imekuwa kijani wakati ambao ingekuwa kavu, wakasambaa hadi Kenya na Uganda kwa wingi ambao Kenya haikuuona kwa miaka 70. Mei 2020 Ziwa Victoria likavunja rekodi ya 1964, na nyumba, mialo na hoteli za ufukweni zikaingiwa na maji. Upande wa pili wa bahari, msimu huohuo, Australia ilikuwa inaungua. Moto wao na mafuriko yetu vilitoka kwenye bahari moja.

Nasisitiza kwamba ni bahari yetu kwa sababu bado kila mvua kubwa inasingiziwa El Niño. El Niño ni ya Pasifiki, ni pale maji yake ya ikweta yanapopata joto kupita kawaida. Ina nguvu, na mara nyingi huisukuma mizani ya huku ilalie upande wetu, ndiyo maana 1997 vilikwenda pamoja. Lakini mwaka 2015 Pasifiki ilikuwa na El Niño kubwa kupindukia, serikali zikatangaza tahadhari, watu wakahamishwa mabondeni, na vuli iliyofuata haikufika popote karibu na ile ya 1997, kwa sababu Bahari ya Hindi haikuitikia kwa kiwango kile. Mwaka 2019 Pasifiki haikuwa na jambo kubwa, tukafurika. Mtangazaji wa redio anayesoma habari za El Niño bila kutaja hali ya Bahari ya Hindi amesoma nusu ya barua, na watu wanahamisha familia zao kwa kutegemea nusu hiyo.

Sasa, bahari hii inapata joto haraka kuliko bahari nyingine za kitropiki. Tangu miaka ya 1950 joto la uso wake limepanda kwa karibu nyuzi 1. Hewa iliyo juu ya maji ya moto hubeba mvuke zaidi, takribani asilimia 7 kwa kila nyuzi moja inayoongezeka, na mvuke huo lazima uanguke mahali. Mwaka 2014 kundi la watafiti lililoongozwa na Wenju Cai lilikadiria kwamba Dipoli kali za upande wetu, zilizokuwa zinatokea takribani mara moja kila miaka 17 katika karne iliyopita, zinaweza kutokea kila miaka 6 katika karne hii iwapo hewa ukaa itaendelea kumwagwa bila breki. Na tathmini ya utafiti wa mvua za Afrika Mashariki iliyochapishwa 2023 ilisema kwamba kati ya 2030 na 2040 vuli itaanza kuleta maji mengi kuliko masika.

Soma sentensi hiyo tena. Vuli kuzidi masika, na muongo wenyewe uko mlangoni. Mtoto anayeanza shule leo anaweza kumaliza bila kuelewa kwa nini bibi yake aliita masika mvua kubwa.

Habari za masika zenyewe zinaumiza kichwa zaidi. Kuanzia miaka ya 1980 mvua za Machi hadi Mei zilipungua katika sehemu kubwa ya Afrika Mashariki, hasa kaskazini na mashariki mwa Kenya, Somalia na kusini mwa Ethiopia. Wakati huohuo, kompyuta zinazoigiza tabianchi ya baadaye zinasema eneo hili litaongezeka mvua. Watafiti wameliita jambo hili kitendawili cha tabianchi ya Afrika Mashariki, na hakijateguliwa. Sehemu ya jibu ni kwamba kompyuta hizo bado zinakosea hata majira yenyewe: zinatupa mvua nyingi mno ya vuli na kidogo mno ya masika ukilinganisha na vipimo halisi. Sehemu nyingine ni Pasifiki ya magharibi, ambayo imepata joto sana na inavuta hewa ipande huko, nayo hewa ikizunguka inashuka juu yetu, na hewa inayoshuka haileti mvua.

Lakini kilichonigusa kuliko vyote ni utafiti wa 2019 uliochunguza siku za kuanza na kuisha. Uligundua kwamba masika hayakupungua kwa sababu kila mvua ilikuwa dhaifu. Yalipungua kwa sababu yalifupika: yalichelewa kuanza na yaliwahi kuisha. Ukanda mvua ulikaa kusini muda mrefu zaidi, kisha ukapita juu yetu mbiombio kuelekea kaskazini.

Hapo ndipo sayansi na shamba vinapokutana, na naomba univumilie nikae hapo kidogo.

Nina kipimamvua, kile cha bomba la plastiki lenye mistari, nimekifunga kwenye nguzo mbali na miti na paa. Nakisoma saa 3 asubuhi, saa ileile vituo vya hali ya hewa vinaposoma. Milimita moja ya mvua ni lita moja kwa kila mita ya mraba. Kwa ekari moja ni kama lita 4,000. Usiku mmoja wa milimita 50 umemwaga lita 200,000 kwenye ekari yako, na kama ardhi ilikuwa imekauka ikaganda, nyingi ya hizo zimekwenda mtoni na udongo wa juu kabla hujaamka. Mwisho wa mwezi nikijumlisha, naweza kupata jumla nzuri kabisa, inayolingana na wastani wa miaka yote, na shamba likawa limekufa.

Mahindi hufa kwenye maua. Yakishatoa mbelewele na ndevu, kuna wiki kama mbili ambazo punje hutungwa, na katika wiki hizo mmea haukubali kucheleweshewa maji. Ukiwa karibu unaona. Kwanza majani yanajikunja saa za mchana, jioni yanafunguka, nawe unajipa moyo. Siku zinazofuata yanajikunja mapema zaidi, yanafunguka usiku tu. Kisha inafika asubuhi moja unaingia shambani na umande bado upo, na majani hayajafunguka. Rangi imekuwa ya kijivujivu. Ukimenya gunzi baadaye unakuta punje zimekaa upande mmoja, sehemu iliyobaki ni uwazi. Mvua inaweza kurudi wiki inayofuata ikanyesha kwa hasira na kurekebisha jumla ya mwezi kwenye daftari langu. Kwenye gunzi hairekebishi kitu.

Mama jirani yangu, mkulima hodari kuliko mimi, alisimama kwenye shamba la namna hiyo akasema, "Mvua imetuibia." Hakusema haikunyesha. Ilinyesha. Iliondoka mapema, ikarudi kuchelewa, ikawa imechukua chakula. Mamlaka ya Hali ya Hewa hulisema jambo hilohilo kwa lugha ya ofisini, "mtawanyiko hafifu na vipindi virefu vya ukavu", na natamani kila anayesikia utabiri ajue kuwa maneno hayo yana uzito kuliko "wastani hadi juu ya wastani" yanayotangulia.

Kati ya mwishoni mwa 2020 na mwishoni mwa 2022 Pembe ya Afrika ilikosa mvua misimu mitano mfululizo: vuli, masika, vuli, masika, vuli. Pasifiki ilikuwa kwenye La Niña, kinyume cha El Niño, iliyodumu miaka mitatu, na mizani ya bahari yetu mwaka 2022 ikalalia Indonesia. Zaidi ya watu milioni 20 walifika kwenye njaa kali. Mifugo ilikufa kwa mamilioni. Mara tu baada ya hapo ikaja vuli ya 2023 yenye El Niño na Dipoli ya upande wetu kwa pamoja, na watu walewale ambao ng'ombe wao walikufa kwa kiu walisombwa na maji. Tarehe 3 Desemba 2023 mlima Hanang uliachia tope, mawe na magogo juu ya mji wa Katesh na vitongoji vyake, zaidi ya watu 80 wakafa. Masika ya 2024 hayakukonda hata kidogo. Kenya ilipoteza karibu watu 300, wakiwemo makumi waliofuatwa na maji Mai Mahiu alfajiri ya Aprili 29.

Je, yote haya ni mabadiliko ya tabianchi? Kundi la wanasayansi la World Weather Attribution liliyapima matukio haya matatu kila moja peke yake, na majibu yake yanatofautiana sana. Kuhusu ukame, walisema joto lililoongezwa na binadamu liliufanya uwezekane takribani mara 100 zaidi, kwa sababu hata mvua kidogo iliyonyesha ilinyonywa upesi na hewa yenye joto. Kuhusu vuli ya 2023, walisema mvua kubwa zilizidishwa sana, hata kufikia mara mbili. Kuhusu masika ya 2024, walikadiria ongezeko la asilimia 5 tu, wakaelekeza kidole kwenye miji: watu waliojengewa na waliojijengea kwenye njia za maji.

Napenda uaminifu wa majibu hayo. Kiongozi anayesimama juu ya mtaro ulioziba akasema "ni mabadiliko ya tabianchi" anataka tuilaumu mbingu. Na anayesema "ukame tulikuwa nao tangu enzi za mababu" anataka tusiulize kwa nini udongo unakauka kwa siku chache baada ya mvua. Wote wawili wanajificha nyuma ya jumla.

Yapo mengine yanayotufikia kwa njia ileile ya bahari, upepo na maji ya moto. Kimbunga cha Aprili 1872 kilifyeka mikarafuu ya Unguja, na kile cha 1952 kilipiga Lindi, kwa hiyo vimbunga si vipya kwetu, ila vilikuwa vya kuhesabika kwa vidole, kwa kuwa karibu na ikweta mzunguko wa dunia hauna nguvu ya kuvisokota. Mei 2024 Hidaya kilifika Mafia. Chini ya maji, matumbawe ya pwani yetu yalipauka vibaya mwaka 1998, na yamepauka tena tangu hapo. Kilimanjaro ilipoteza asilimia 85 ya barafu yake kati ya 1912 na 2007, jambo linaloumiza moyo, ingawa maji ya wanavijiji wa miteremkoni hutoka zaidi kwenye msitu kuliko kwenye barafu. Anayetaka kuyaokoa na aulinde msitu.

Ziwa Tanganyika ndilo linalonikaa rohoni. Kila mwaka kuanzia Mei hadi Septemba, kusi huvuma kwa urefu wa ziwa na kuyachanganya maji, virutubisho vilivyozama kilindini vikapanda juu, vijimea vikastawi, dagaa wakala, migebuka wakala dagaa, watu wa Kigoma na wa Kalemie upande wa Kongo wakala wote. Uso wa ziwa ukipata joto, maji ya juu yanakuwa mepesi na kukataa kuchanganyika na ya chini. Watafiti walionyesha mwaka 2003 kwamba uzalishaji wa ziwa ulikuwa umeshuka kwa takribani asilimia 20, na hivyo samaki wangepungua kwa karibu asilimia 30. Uvuvi wa kupita kiasi upo, hakuna anayekataa. Lakini mvuvi anayefungiwa ziwa kwa miezi kadhaa ili samaki wazaliane anastahili kuambiwa pia kwamba chakula cha samaki wale kimebaki kilindini, na kwamba hilo hakulisababisha yeye.

Nirudi kwenye vuli, kwa sababu hapo kuna kitu tunachoweza kukishika mkononi. Dipoli hukua kuanzia katikati ya mwaka, hufikia kilele kati ya Septemba na Novemba, kisha hufa kaskazi inapoingia. Kwa hiyo ina nguvu juu ya vuli na karibu haina juu ya masika. Maana yake vuli inatabirika. Ifikapo Agosti bahari imeshaonyesha inaelekea wapi, na ndipo ICPAC, kituo cha utabiri cha IGAD, jumuiya ya nchi za Pembe ya Afrika na majirani zake, huketi na wataalamu wa nchi wanachama kutoa mwelekeo wa Oktoba hadi Desemba. Nasi wa Tanzania tuna utabiri wa vuli wa Mamlaka yetu. Masika hayana mkono mmoja unaoyashika namna hiyo. Yanategemea zaidi mambo ya wiki chache, kama wimbi la mawingu la Madden-Julian linalozunguka tropiki kwa siku 30 hadi 60, au kimbunga kilichokaa karibu na Madagaska kikavuta hewa yenye unyevu kutoka Kongo, kama ilivyokuwa Machi 2018. Haya huonekana wiki mbili au tatu kabla, hayaonekani miezi mitatu kabla.

Tumebahatika basi kwamba mvua inayokua ndiyo inayosomeka mapema. Hata hivyo, vijiji vingi bado vinaichukulia vuli kama ya kubahatisha. Mbegu bora na mbolea hufika madukani kwa kufuata masika. Vikundi vya kukopeshana hugawana fedha mwezi Desemba, vuli ikiwa imekwisha, wakati fedha ilihitajika Septemba. Malambo huchimbwa na kusafishwa kungoja Machi. Hayo yote ni maamuzi ya watu, yanaweza kusogezwa bila kusubiri mkutano wowote wa kimataifa.

Ningekuwa na sauti kwenye halmashauri ningeomba hivi: kila Septemba mapema, ofisa ugani asimame kwenye mkutano wa kijiji na asome mambo matatu. Bahari ya Hindi imelalia wapi, vuli inatarajiwa kuanza wiki gani, na vipindi vya ukavu vinatarajiwa virefu kiasi gani. Mwaka ambao bahari imelalia kwetu, mahindi ya muda wa kati yapandwe vuli kwa ukamilifu, na wanaoishi kwenye kingo za mito wahamishwe Septemba kabla maji hayajafika. Mwaka ambao imelalia Indonesia, watu wapande mtama na mihogo, wauze ng'ombe wachache wakiwa bado na nyama, na akiba ya ghala isiguswe. Ifikapo Machi mfumo ubadilike: utabiri wa siku kumi kwa siku kumi, kwa redio na kwa ujumbe wa simu, hadi Mei iishe. Siku kumi kumi, kama walivyohesabu watu wa Nairuzi, lakini safari hii kila siku kumi zikiangaliwa upya, kwa kuwa za mwaka jana hazituambii tena za mwaka huu.